Picha Isiyo na Majina

Siku yenyewe ilianza kwa ugomvi wa vitumbua. Hadiya alikuwa amepika vya kula njiani, mumewe Ubeid akameza sita kabla gari halijawashwa, na binti yao Tasnim, mwenye miaka minane, akaangua kilio kwamba baba kavimaliza. Ndivyo walivyotoka Carrollton, pembeni ya Dallas kule Texas, Jumamosi ile ya mwezi wa nane, asubuhi na mapema, wakashika barabara ya Houston. Wanabishana, wanacheka, kiyoyozi kinavuma. Ubeid ni mtoto wa mama yangu mdogo. Kisa hiki kanisimulia kwa kinywa chake, tena si mara moja, na kila mara huanzia kwenye vitumbua.

Kwenye kiti cha nyuma Tasnim alibanwa na watu wazima wawili. Kushoto alikaa Kamau, dereva wa lori, Mkenya wa Thika mwenye tumbo lake na mdomo usiojua kupumzika. Kulia alikaa Mama Pelagia, Mkongo wa mtaa wa Vickery Meadow, aliyekuwa akifanya kazi pamoja na Hadiya kwenye nyumba moja ya kutunzia wazee. Wote wawili walikuwa wametoa Jumamosi yao wakamwone rafiki yao akitafsiri picha.

"Buda, leo tutajua kama hizo stori zako za Tandika ni za ukweli," Kamau alisema.

"Utajua na utalia," Ubeid akamjibu.

Waliokulia uswahilini hawahitaji kuelezwa, ila wengine ngoja niwaeleze. Kule Tandika, Dar es Salaam, ujana wa Ubeid uliishia kwenye kibanda umiza. Mabenchi ya mbao, pazia jeusi mlangoni, televisheni moja, na mtu mwenye maikrofoni anayewaambia watu Mchina anasema nini na Mhindi analilia nini. Mtafsiri mzuri hafuati maneno ya Mchina hata kidogo. Anatia yake. Na kubwa kuliko yote, anatoa majina. Adui wa picha anapewa jina la mwenye nyumba anayesumbua watu kodi, polisi mnene anaitwa kama muuza kahawa wa pale kona, stelingi, yule shujaa wa picha, anapewa jina la kijana yeyote aliyewahi kuwanunulia wenzake soda. Watu walikuwa wanajaa kibandani kusikia wametajwa. Wewe unacheza karata barazani, kumbe jana umepigwa risasi Hong Kong!

Ubeid alikuwa bingwa wa majina. Aliyemfundisha, mzee mmoja aliyeshakufa zamani, alimwachia mwiko mmoja tu. "Mtaje umtakaye," alimwambia, "ila wewe mwenyewe usiingie. Mtafsiri akishaingia ndani ya picha, nani atabaki nje wa kumtoa?" Ubeid alidhani ni maringo ya wazee. Hata hivyo aliushika mwiko wake, miaka yote.

Huko Houston, upande wa kusini magharibi, njia ya kwendea Sugar Land, kulikuwa na ukumbi mdogo wa sanaa, na dada mmoja Mkenya aitwaye Fiona alikuwa akifanya kazi pale. Ukumbi ulikuwa umepata picha ya Kijerumani ya kimya kimya, ya karibu miaka mia moja iliyopita, inayohusu siku ambazo mfalme wao alikimbia na nchi ikapinduka. Vile vibao vya maandishi vinavyotokea katikati ya picha za kimya vilikuwa vimepotea vyote. Hakuna aliyejua picha inaitwaje. Hakuna aliyejua hata mtu mmoja mle ndani anaitwa nani. Basi Fiona akapata wazo la kuwaita wasimulizi wa lugha za pale mjini, kila mmoja aisimulie atakavyo.

"Hakuna script, Ubeid. Uta-improvise tu," alimwambia kwa simu. "Hao watu hawana majina. Wape."

Hayo ndiyo maneno aliyoyasema. Fiona mwenyewe hakatai.

Ukumbi ulijaa. Waswahili wa mtaa wa Alief, wauguzi waliotoka zamu, wanafunzi, kina mama na watoto wao. Ubeid alipewa kiti pembeni ya skrini na maikrofoni mkononi. Taa zikafifia, na mji wa mawe ukatokea, wa kijivu, na foleni ya mkate imezunguka mtaa mzima.

"Mfalme kaachia ngazi, jamani!" Ubeid akaanza. "Kaondoka na masanduku yake, kawaachia njaa!"

Watu wakacheka. Ubeid akasisimka, miaka yote ya kuendesha wagonjwa kwenda kusafishwa figo ikamtoka mwilini. Kwenye skrini mtu alipanda juu ya pipa akahutubia, kofia zikarushwa hewani. Wanajeshi waliotoka vitani wakagawanyika, hawa wakaenda na wananchi, wale wakabaki na majenerali. "Hapa patachimbika!" Ubeid akaguta. Kisha akatokea mwoka mikate mwenye tumbo, anafunga duka lake huku foleni ikimlilia.

"Na huyu anayeficha mikate, si Kamau wa Thika huyu?"

Ukumbi ukalipuka. Kamau akasimama, akainama kama rais. Kwenye skrini akafuata mwanamke mwenye kapu, anavuka daraja, juu kapanga viazi, chini kaficha makaratasi ya uchochezi. Ubeid akamwita Mama Pelagia.

"Weye Ubeid! Miye siko mu siasa!" Pelagia akapiga kelele kutoka kitini, machozi ya kicheko yanamtoka.

Kuna kitu Ubeid alikiona wakati ule ule, akakipuuza. Kila alipotaja jina, yule mtu wa kwenye picha alisita. Mwoka mikate aliacha kufuli, akainua kichwa, akatazama upande kilipokuwa kiti cha Ubeid, kama mtu aliyeitwa. Mwanamke wa kapu naye vile vile. Picha ya zamani hiyo, Ubeid alijiambia, inarukaruka.

Ndipo Tasnim akasimama juu ya kiti. "Baba, what about me? I want to be in it too!"

Watu wakashangilia, mpe, mpe! Ubeid akatazama ile picha akimtafutia mwanawe mahali pazuri. Barabarani palikuwa na bunduki, kwenye daraja palikuwa na fujo. Lakini juu kabisa ya jengo moja refu, dirisha la mwisho, alikuwepo mtoto wa kike mwenye nywele za kusuka, anachungulia chini. Hakuna risasi ya kumfikia pale. Mapenzi tu ya baba, wallahi, hakuna kingine.

"Na yule malkia wa dirisha la juu," akasema, "ni Tasnim binti Ubeid!"

Tasnim akapiga makofi. Yule mtoto wa kwenye picha akaweka kiganja chake kwenye kioo.

Baada ya hapo kicheko kilikufa. Alitokea bwana mmoja mwembamba mwenye miwani, koti refu, karatasi mkononi, na askari wanne nyuma yake. Alisimama kwenye kona akawa anasoma orodha. Sauti haikuwepo, ni midomo tu. Lakini mtu aliyekula ujana wake kwenye kibanda umiza anaijua midomo. Ubeid aliitazama ikifunguka na kufumba. Alichokiona kikisomwa ni Kamau.

Ubeid akashusha maikrofoni. Mwoka mikate akatolewa dukani na aproni yake, akasimamishwa ukutani, mikono nyuma. Moshi. Akateleza akakaa chini, mgongo umeegemea matofali. Bwana wa miwani akageuza karatasi. Midomo ikasema Pelagia. Darajani umati ukakimbia, mwanamke wa kapu akasukumwa, viazi vikamwagika, naye akatumbukia mtoni. Askari wakaja wakasimama chini ya lile jengo refu. Bwana wa miwani akainua macho hadi dirisha la mwisho. Hapo sehemu ya kwanza ikaisha.

"Part two ni Jumamosi ijayo!" Fiona alitangaza, na taa zikawaka.

"Yaani nimeuawa hata movie haijafika nusu?" Kamau alilalamika njiani kurudi. Alilalamika mpaka Dallas. Ubeid aliendesha tu.

Jumanne saa nne asubuhi, Kamau alikutwa amekufa kwenye ghala moja alikokuwa amepeleka matairi. Alikuwa ameketi chini, mgongo umeegemea ukuta, mikono nyuma. Madaktari walisema ni moyo. Ubeid ndiye aliyeitwa kumtambua, kwa kuwa ndugu wote wako Thika. Alipofunuliwa shuka, aliuona unga. Unga mweupe wa ngano, kwenye kucha, kwenye nyusi, kwenye mikunjo ya shingo. Akauliza unga ule umetoka wapi. Hakuna aliyejua.

Alhamisi mchana ilikuwa zamu ya Mama Pelagia. Alipanda treni ya mjini kwenda kazini kama kawaida yake. Joto la kukausha mate, mvua haijaonekana wiki sita. Abiria waliokaa naye walisema alikuwa anasinzia na mfuko wake mapajani. Treni ilipofika mwisho alikuwa amekufa. Nguo zake zilikuwa zinachuruzika maji. Mapafu yake yalijaa maji pia, na maji yenyewe yalikuwa na tope.

Ubeid alimvuta mkewe chooni, akafunga mlango, akamnong'oneza. "Mimi ndiye niliyewataja."

"Acha hayo, Ubeid. Watu wanakufa."

"Na Tasnim nimemtaja."

Hadiya akatoka, akaenda kumshika mtoto kichwa, akamsomea Ayatul Kursi mara saba. Alikuwa anakataa kuamini, lakini alisoma.

Ijumaa, baada ya sala, Ubeid aliegesha gari lake chini ya ghorofa wanamoishi. Aliposhuka akawaona. Askari wanne na bwana wa miwani. Wamevaa makoti mazito, jua la utosi, hawatoki jasho. Wamesimama kati ya magari, wameinua nyuso kutazama ghorofa ya tatu, kwake. Mmojawapo, yule wa mbele, kofia ilikuwa imemfunika macho na pua, uso wake hauonekani. Gari la Ubeid ni jekundu. Upande uliokuwa karibu nao ulikuwa umegeuka wa kijivu.

Aliwaendea. Hakuwafikia. Kila alipopiga hatua walikuwa pale pale, umbali ule ule. Akapiga kelele, mama mmoja aliyekuwa anashusha mboga akamshangaa. Huyo mama alipita katikati yao na mifuko yake, hakugeuka.

Ubeid alipanda ngazi mbio. Tasnim alikuwa dirishani, kiganja kimebandikwa kwenye kioo.

"Baba, who are those guys? They keep waving at me."

Akampigia Fiona. Alimwambia yote, hakubakisha.

"Niliskia kuhusu Kamau," Fiona alisema polepole. "Sikujua kuhusu huyo mama. Sikiza, nita-cancel kesho. Hiyo part two haitaonyeshwa kwa mtu yeyote."

"Hapana. Ukiikatisha, hawa watasimama hapa chini siku zote. Picha imewaacha mlangoni kwangu, Fiona. Nataka niimalize mimi mwenyewe, niwatoe."

"Utawatoaje?"

"Nitabadilisha maneno. Mtafsiri ndiye anayeamua nani anasema nini."

Usiku huo hakulala. Jumamosi alfajiri alimwamsha Hadiya, wakasimama pamoja juu ya kitanda cha mtoto. Alimwambia afunge mlango kwa kitasa na mnyororo, pazia zishushwe, Tasnim asisogee dirishani. "Usimfungulie mtu," alimwambia. "Mtu yeyote asiye mimi."

Hadiya akaitikia kwa kichwa.

Ukumbi ulikuwa mtupu. Saa sita mchana, jua linachoma nje, ndani viti mia mbili na watu wawili. Fiona alikaa nyuma kwenye mitambo. Ubeid alishika maikrofoni kwa mikono yote miwili.

Picha ikaanza pale pale ilipoachia. Jengo. Askari. Miwani imeinuliwa.

"Hili si jengo lenyewe," Ubeid akasema. "Wamepotea njia hawa. Wanarudi."

Hawakurudi. Bwana wa miwani alifungua karatasi, midomo ikasema jina la binti wa Ubeid, lote, na la baba yake juu. Mlango wa chini ukasukumwa. Wakaanza kupanda.

"Yule wa dirishani si Tasnim! Nilikosea! Ni mtoto wa Kijerumani, wa huko huko, anaitwa Grete!"

Mtoto wa dirishani akageuka. Akamtazama Ubeid. Akatikisa kichwa, hapana, huku anatabasamu, kama Tasnim anavyotabasamu ukimwita kwa jina la utani asilolipenda.

Ghorofa ya kwanza. Buti kwenye ngazi.

"Ngazi imevunjika! Wanaanguka!"

Haikuvunjika. Ghorofa ya pili. Ubeid alitaja mvua, moto, mapinduzi yamekwisha, mfalme karudi. Hakuna kilichomsikiliza. Alichoona ni kwamba picha ilikuwa inasikia majina tu. Maneno mengine yote yalikuwa upuuzi masikioni mwake.

Ghorofa ya tatu. Mlango. Askari wa mbele akainua mkono kubisha. Yule wa kofia. Yule asiye na uso.

Ubeid ananiambia aliukumbuka mwiko. Hakuusahau hata kidogo. Aliukumbuka, akauona mkono wa yule askari umeinuliwa, na akawaza ni baba gani duniani angesimama kwenye mlango wa mwanawe na bunduki asiuzuie mkono wake. Mimi namwelewa. Ningekuwa na mtoto nyuma ya mlango ule ningefanya vile vile.

"Huyu ni Ubeid!" akapiga ukelele. "Askari wa mbele ni Ubeid! Baba yake mtoto! Hawezi kumdhuru! Anawazuia wenzake!"

Mkono ukasimama hewani.

Yule askari akageuka. Akawaonyesha wenzake kiganja, akawasukuma vifuani, mmoja mmoja. Wakarudi nyuma. Bwana wa miwani akaikunja orodha yake, akaitia mfukoni, akashuka. Askari watatu wakamfuata. Ubeid alipiga magoti pale pale sakafuni, akalia kwa sauti, akamshukuru Mungu. Fiona naye alikuwa analia kule nyuma.

Lakini picha ilikuwa haijaisha.

Askari alibaki peke yake mlangoni. Akavua kofia. Uso ulikuwa wa Ubeid. Kovu la kidevu, ndevu chache, kila kitu. Akajipangusa mabega. Akapanga tabasamu. Kisha akabisha, taratibu, mara tatu.

"Acha," Ubeid akanong'ona kwenye maikrofoni. "Ubeid, acha. Ubeid, rudi."

Mlango ukafunguka. Mtoto akaruka kwa furaha, akamkumbatia kiunoni. Askari akampa mkono. Wakashuka ngazi wameshikana. Wakatoka barabarani. Nje theluji ilikuwa inaanguka, nzito, na barabara ilikuwa ndefu, haina mtu. Wakatembea. Mtoto alikuwa anarukaruka pembeni yake. Wakawa wadogo. Wakawa nukta mbili. Ubeid alikimbia akaipiga skrini kwa ngumi, ikatikisika tu. Nukta ikawa moja. Kisha skrini ikawa nyeupe.

Simu yake ikaita. Hadiya.

"Wewe mwanamume una vituko," Hadiya alisema, nusu anacheka, pumzi zimemshuka kama mtu aliyetuliwa mzigo. "Kumbe umegeuzia njiani, unafika hata salamu hutoi, unamchukua mtoto unaondoka naye? Nipo jikoni. Nikasikia hodi, Tasnim akachungulia kwenye kitundu akasema ni baba, nikamwambia fungua. Sasa mmekwenda wapi? Chai inapoa."

Ubeid alikuwa mwendo wa saa nne kutoka nyumbani kwake.

"Ubeid? Basi mpe Tasnim simu."

Ilikuwa saa sita na dakika arobaini.

Polisi walikuja, wakaleta mbwa, wakaleta helikopta. Walimweka Ubeid kwenye chumba cha mahojiano siku mbili wakimuuliza maswali yale yale, wakamwachia kwa kuwa Fiona alikula kiapo, na simu yake ilionyesha ilipokuwa. Lakini jirani wa mlango wa pili, muuguzi mmoja aitwaye Nyaboke, ana kamera juu ya kengele yake. Ile kamera ilinasa. Mpelelezi aliwaonyesha wote wawili, Ubeid na Hadiya, wakiwa wamekaa bega kwa bega. Koridoo ilikuwa imepauka, haina rangi. Sauti hakuna. Mwanamume wa koti refu, uso wa Ubeid, anabisha mlango. Mtoto anatoka anarukaruka. Anamtazama usoni, anacheka, anampa mkono mwenyewe. Mpelelezi aliirudia mara tatu, na mara ya tatu hakuwatazama tena usoni. Hadiya alisogeza kiti chake kando, si mbali, kiasi cha mkono mmoja.

Ubeid alirudi Houston mara nyingi. Fiona alimfungulia ukumbi kila alipoomba, akamwashia ile picha, na Ubeid akakaa na maikrofoni akamwita mwanawe mpaka sauti ikakauka. Dirisha la juu sasa halina mtu. Askari wanapita chini ya jengo, hawasimami. Fiona aliwaandikia waliotuma picha kutoka Ujerumani kuwauliza juu ya yule mtoto. Wakajibu kwa heshima kwamba katika nakala zao hakuna mtoto wa kike mahali popote, na hajawahi kuwepo.

Hadiya hakumwacha mumewe. Watu walidhani ataondoka, wengine walimshauri aondoke. Yupo. Anapika, anafua, anakwenda zamu. Ila kila asubuhi, akiwa anamimina chai, anamuuliza swali moja, bila ukali wowote, kama mtu anayeuliza funguo ziko wapi.

"Ulimpeleka wapi, Ubeid?"

Anajua hakuwa yeye. Alimwona pia kwa macho yake kuwa ni yeye. Kila asubuhi Ubeid hulitafuta jibu upya.

Mwaka huu, mwezi wa sita, Ubeid alifungua mlango mchana akitaka kutupa taka. Kwenye zulia la kufutia miguu palikuwa na viatu vya wazi vya mtoto, vya zambarau, vimepangwa vizuri, ncha zinatazama ndani. Vya Tasnim. Hadiya alikuwa amemnunulia siku mbili kabla ya kutoweka, na alitoka navyo siku ile. Soli zilikuwa zimelika. Si kuchakaa, zimelika, zimebaki nyembamba kama karatasi, na kisigino kimoja kimetoboka kabisa, kama vya mtu aliyetembea miaka bila kuketi. Kamera ya Nyaboke haikunasa kitu.

Nilivishika mwenyewe nilipokwenda kuwaona. Vilikuwa vimelowa, na baridi yavyo iliniuma mpaka kwenye kiwiko. Hadiya alinipokonya kwa upole. Kila siku jua likishapanda anavitoa barazani nje, anaviegemeza kwenye chuma cha ukingo, anakaa karibu navyo kitini, akingoja vikauke. Jua la Texas, mnalijua lilivyo. Jioni huviingiza ndani, vinadondosha maji njia nzima.